Nauli ya watu wawili: mkopo wa asilimia mbili unavyoishia njiani kabla ya kumfikia mtu mwenye ulemavu kijijini Kigoma

Binti_Kasulu (mleta uzi)

Wakuu, habari za leo. Uzi ni mrefu, naomba mnivumilie. Ni kuhusu mikopo ya halmashauri kwa watu wenye ulemavu, jambo ambalo nimekaa nalo moyoni zaidi ya mwaka.

Kaka yangu alizaliwa mwaka 1984 katika kijiji kimoja huku Kasulu. Akiwa na miaka miwili alishikwa na homa, ilipopoa miguu ikawa haina nguvu. Polio. Chanjo ilikuwepo nchini, ila kwetu ilikuwa haijamfikia. Tangu hapo anatembea kwa mikono. Amejikatia katambuga mbili za tairi, anazivaa viganjani kama ninyi mnavyovaa miguuni. Ya kulia huisha kwanza, maana mkono huo ndio unaobeba uzito anapogeuka. Ni fundi viatu sokoni, kwa hiyo zikiisha anajikatia nyingine mwenyewe.

Alianza darasa la kwanza mwaka 1995, akiwa na miaka 11. Mimi nilianza siku hiyo hiyo nikiwa na miaka 7. Haikuwa bahati mbaya. Wazazi walisubiri nifikishe umri wa kwenda shule ili apate wa kumsukuma. Mjomba alitengeneza kitoroli cha mbao chenye magurudumu mawili, nami nikawa miguu ya kaka kwa miaka saba. Nikiugua malaria, tunakosa shule wote wawili. Mvua zikichanganya na ule udongo mwekundu ukashika magurudumu, tunakosa wote wawili. Darasa la saba tulifaulu wote, na mwalimu mkuu alimwambia baba wazi kwamba alama za kaka zimezidi zangu. Sekondari ilikuwa mbali, bweni halikuwa na choo ambacho mtu wa kutambaa angeweza kutumia, na mimi nilipangiwa shule nyingine. Basi mimi nikaenda, yeye akabaki. Mpaka leo nikiona cheti changu nakumbuka kwamba kwenye mtihani ule kaka alinishinda.

Nasema haya ili mnielewe ninapofika kwenye mkopo.

Mnajua halmashauri zinatakiwa kutenga asilimia 10 ya mapato ya ndani kwa ajili ya mikopo isiyo na riba: nne kwa wanawake, nne kwa vijana, mbili kwa watu wenye ulemavu. Mwaka 2022 kaka na wenzake wanne waliunda kikundi. Wawili hawaoni, mmoja ni mama mwenye ualbino anayeuza vitenge, mwingine alikatwa mguu baada ya ajali ya bodaboda. Walitaka mtaji wa ngozi, soli na cherehani ya viatu. Kaka akachaguliwa mhazini, na mhazini lazima aende mjini kila kunapokuwa na saini.

Kutoka kijijini mpaka mjini ni kilomita 28. Kaka hawezi kupanda bodaboda peke yake, lazima mtu akae nyuma amshike kiunoni, vinginevyo kwenye mashimo anadondoka. Kwa hiyo ni mshikaki, shilingi 10,000 kwenda na 10,000 kurudi, na hapo ni kwa dereva anayetufahamu. Safari ya kwanza tulifuata fomu. Ya pili mhusika alikuwa kwenye semina. Ya tatu tukaambiwa katiba ya kikundi ina kipengele kimoja kimekosewa, tukairekebishe. Ya nne ilikuwa ya kufungua akaunti, na akaunti ikataka laini ya simu iliyosajiliwa kwa jina lake. Wakala akaweka vidole vya kaka kwenye mashine. Vidole vya mtu anayetembelea mikono kwa zaidi ya miaka 30, halafu anashika gundi na shazia siku nzima! Mashine ikakataa kidole cha kwanza, cha pili, cha tatu. Kaka akawa anavipangusa kwenye shati na kuvirudisha. Kilichokubali ni kidole kidogo cha mkono wa kushoto, baada ya karibu saa nzima, watu wamepanga foleni nyuma yetu.

Safari nne ni shilingi 80,000. Siku ya soko zuri kaka anaingiza 4,000. Hizo ni siku 20 nzuri za kazi zimeishia barabarani, mbali na siku zangu nne ambazo sikuuza mawese. Na bado hatujagusa hata senti ya mkopo.

Aprili 2023 mikopo ikasitishwa nchi nzima ili utaratibu upangwe upya, baada ya ripoti za CAG (Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali) kuonyesha fedha zisizorejeshwa na vikundi visivyokuwepo. Mwaka 2024 ikarudi. Tukaambiwa tuanze upya. Watatu kati ya watano wamesema hawawezi, na siwalaumu. Nauli ya kwanza ilitoka kwenye kuuza kuku na mbuzi, ya pili itatoka wapi?

Hoja yangu ndiyo hii: mipango yote hii inamhesabu mtu mmoja pale ambapo wapo wawili. Kijana mwenye miguu yake akifuata fomu analipa nauli moja na kupoteza siku moja. Kaka akifuata fomu ileile analipa nauli mbili, na siku mbili za kazi zinapotea katika nyumba ileile. Mchumi wa India Amartya Sen, aliyepata tuzo ya Nobel mwaka 1998, alishalieleza hili: watu wawili wakiwa na kipato sawa hawawi na maisha sawa, kwa sababu mwenye ulemavu hutumia zaidi ili afanye lilelile. Anaanza na kikwazo cha kupata kipato, halafu akikipata kikwazo kingine kinamsubiri kwenye kukigeuza kuwa maisha.

Kwamba nauli ndiyo inayofunga mlango tulishaliona hapa hapa Tanzania. Hospitali ya CCBRT ya Dar es Salaam ilikuwa inatibu bure fistula (tundu linalovujisha mkojo baada ya uchungu wa uzazi wa muda mrefu), lakini wanawake wa mikoani hawakufika kwa sababu basi si bure. Kuanzia mwaka 2009 wakaanza kutuma nauli kwa M-Pesa. Balozi wa hospitali aliyeko kijijini anamtambua mgonjwa, nauli inaingia kwenye simu ya balozi, anamkatia tiketi, na mgonjwa akishafika balozi naye anapata chochote. Wanawake wakaanza kuja. Upasuaji ni uleule na madaktari ni walewale. Kilichoongezwa ni nauli.

Kwa nini kwenye asilimia mbili isiwe hivyo? Naomba mawazo yenu, hasa ninyi mlioko halmashauri.

---

Mshale_Ujiji

Pole sana dada, na kaka umfikishie salamu. Ila nitasema ninachokiamini. Fedha hizi zimeliwa sana. Mimi nimeona kwa macho yangu kikundi cha "watu wenye ulemavu" ambacho mwenye ulemavu ni mmoja tu, tena hajui hata kiasi walichochukua. Wengine wakishapata wanaona ni sadaka ya serikali, hawarejeshi. Ukiongeza na nauli juu yake si unawaongezea wezi njia? Halmashauri zetu za huku zinakusanya kidogo. Kigoma si Dar.

---

MwalimuUnyanyembe

Mwangaluka wana jamvi. Mimi nipo Tabora, mwalimu mstaafu wa watoto viziwi. Nimesoma uzi huu mara mbili.

Tabora ina historia katika jambo hili. Shule ya viziwi ilianzishwa hapa mwaka 1963 na Kanisa Katoliki, ya kwanza katika nchi hii. Kwa hiyo kwa miongo mingi watoto wametoka mbali kuja kusoma kwetu, na wengi wamekuja kwa reli, maana reli ya kati ilifika Tabora mwaka 1912 na Kigoma 1914, na njia za Mwanza na Mpanda zinaungana na hiyo. Ukitazama ramani utasema Tabora ni mahali pazuri kuweka shule ya namna hii.

Sasa nikuambie kuhusu likizo. Shule niliyofundisha sitaitaja. Shule ikifungwa, mtoto wa miaka nane asiyesikia hawezi kupanda treni peke yake. Mzazi lazima aje amchukue. Hesabu, binti yangu: mzazi anakuja, nauli ya kwanza. Anarudi na mtoto, nauli ya pili na nusu ya mtoto. Shule ikifunguliwa anamleta, kisha anarudi mwenyewe. Mkulima wa tumbaku ambaye hajalipwa na chama cha msingi anaitoa wapi? Kila likizo tulibaki na watoto ambao hakuna aliyekuja. Watu wa nje walisema wazazi wamewatupa. Mimi niliwajua wazazi wale, walikuwa wanapiga simu wanalia.

Kulikuwa na mvulana mmoja. Tukienda kituoni usiku kusindikiza wenzake, alikuwa anaweka kiganja kwenye nguzo ya chuma ya paa la kituo. Treni ikiwa bado mbali, sisi tunaosikia hatujasikia kitu, yeye anageuka na kutuonyesha kwa alama kwamba inakuja. Hakukosea hata mara moja. Likizo tatu mfululizo alitangaza treni ambayo hakupanda.

Na kuna hasara nyingine inayotokana na nauli hiyohiyo. Mtoto asiyekwenda nyumbani wazazi hawajifunzi lugha ya alama. Anamaliza darasa la saba anarudi kwao akiwa na lugha kamili mikononi, na nyumba nzima haina wa kuzungumza naye. Basi anapewa jembe na fimbo ya kuchungia ng'ombe, wanasema "huyu haelewi". Anaelewa. Ni wao hawajapata pa kujifunzia.

Ndugu Mshale, wizi upo, sikatai. Lakini mwizi wa kikundi hewa hakwamishwi na nauli, yeye anaishi mjini karibu na ofisi. Anayekwama ni huyu wa kilomita 28. Utaratibu wa safari nyingi umemchuja mwaminifu ukamwacha mwizi.

---

NuktaSita

Simu yangu ndiyo inanisomea uzi huu, kwa hiyo nikikosea jina la mtu mnisamehe.

Mimi sioni tangu nikiwa na miaka mitatu. Surua, na mwili ulikuwa hauna vitamini A ya kutosha, ndivyo daktari alivyokuja kunieleza nikiwa mtu mzima. Nimesoma kwa nukta nundu (maandishi ya kupapasa), leo naishi Tabora na najitegemea.

Binti_Kasulu, umeandika kwa upendo na nimeguswa. Lakini nina jambo na wewe. Uzi wote umemsemea kaka yako. Yeye anasema nini? Sisi tuna usemi wetu: lolote linalotuhusu lisifanyike bila sisi. Hata dada mwema anaweza kutusahau katikati ya kututetea.

Pili, nauli ya msindikizaji siikatai, lakini isiwe ndiyo dawa. Mimi sitaki kulipiwa wa kunishika mkono. Nataka nisihitaji kushikwa mkono. Ofisi uliyokwenda ina ngazi, nina uhakika. Mteremko unaofaa kwa kitimwendo ni moja kwa kumi na mbili: kizingiti kikiwa nusu mita juu, mteremko uwe na urefu wa mita sita. Ukiuweka kwenye mchoro kabla ya kujenga, gharama ya kufanya jengo lote lifikike ni kama asilimia moja tu ya ujenzi. Ukisubiri mpaka jengo limalizike, unavunja na kujenga upya, ndipo utaambiwa bajeti haipo. Madarasa na vituo vya afya vinajengwa kila mwaka mikoani kwetu. Nimepita kwenye baadhi, unakuta mteremko umewekwa lakini ni mkali kama paa la nyumba. Wameujenga ili mkaguzi aone upo, mwenye kitimwendo akijaribu anarudi kinyumenyume.

Tanzania iliridhia Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Haki za Watu wenye Ulemavu mwaka 2009, na mwaka uliofuata ikatunga Sheria ya Watu Wenye Ulemavu. Sheria hiyo inataka kuwe na kamati ya watu wenye ulemavu kuanzia kijijini na mitaani, kata, mpaka mkoa. Nendeni kijijini kwenu mkaulize kamati hiyo iko wapi na ilikaa lini mara ya mwisho. Sheria hiyohiyo inamtaka mwajiri mwenye wafanyakazi 20 na zaidi awe na asilimia 3 ya watu wenye ulemavu. Nzuri, ila kijijini mwajiri wa watu 20 ni nani? Huko tunategemea mkopo na jembe, basi.

---

Binti_Kasulu (mleta uzi)

Mwalimu, shikamoo. Nimesoma habari ya yule mvulana nikashindwa kuendelea, nikarudi baadaye.

Kaka NuktaSita, umenisema na ni haki yako. Jioni hii nimekwenda sokoni nikamsomea kaka uzi wote, na yenu yote. Alikuwa anashona soli ya kiatu cha shule, hakuacha kazi, ila alisikiliza. Haya ni maneno yake, nimeyaandika alivyoyasema:

"Mwambie huyo ndugu asiyeona kwamba ngazi zilikuwa tano. Nilizipanda kwa mikono na koti langu la harusi, watu wamesimama pembeni. Mteremko naungana naye, wajenge. Lakini kabla sijafika kwenye ngazi hizo tano kuna kilomita 28, na huko hakuna fundi wa kujenga mteremko. Kwa hiyo mimi nataka vyote viwili. Na zaidi nataka wao waje. Wakati wa kura wanakuja mpaka kwenye kitongoji na sanduku. Wakati wa kodi ya soko mtu wa ushuru ananifikia kila siku saa nne na mashine yake, hajawahi kukosa hata siku ya mvua. Kumbe barabara ya kuja kwangu wanaijua."

Akaniambia pia niwaambie kwamba baiskeli anayo. Ni ile ya magurudumu matatu ya kuzungusha kwa mikono, alipewa na wafadhili. Ilidumu miezi minane, beringi ikafa, na mjini haipo ya saizi ile. Imeegemezwa ukutani, kuku wanatagia kwenye kiti.

---

FundiBaiskeli_Uvinza

Dada, hiyo ya beringi niachie mimi. Zile baiskeli nyingi za msaada zinakuja na ekseli ya saizi ya kigeni. Usitafute beringi yake, hutaipata. Kata ekseli, chomelea hab (kitovu cha gurudumu) ya baiskeli ya Phoenix ya nyuma, spoku na tairi zake zipo kila duka la Kigoma. Itakuwa nzito kidogo kwenye mlima ila haitamwacha njiani, na siku ikiharibika fundi yeyote wa kijiji ataiweza. Nimeshafanya tatu. Wanaotoa msaada wangetuuliza sisi kwanza barabara zetu zikoje, maana lami ya kwao na kokoto za kwetu ni vitu viwili.

---

MamaKibondo

Nimekuwa nasoma kimya muda mrefu. Leo naandika.

Mwanangu ana miaka tisa, ana mtindio wa ubongo. Uchungu ulinishika siku mbili, nikiwa mbali na pa kufanyiwa upasuaji. Mtoto alizaliwa hakulia. Leo ana kilo 21, namfunga mgongoni kwa kitenge, kichwa chake kinalala begani kwangu kwa sababu shingo haijakaza vizuri. Kliniki ya mazoezi ni mara moja kwa wiki. Hayupo wa kunipokezana.

Mtu akisema walemavu wanafichwa ndani kwa aibu na imani potofu, mimi huwa nanyamaza. Leo nitasema. Nimewahi kumfungia mwanangu ndani. Ilikuwa msimu wa kupalilia maharage. Baba yake alikuwa kibaruani, dada yake yuko shule, na nisipopalilia hatuli. Nilimlaza kwenye mkeka, nikamwekea mto pande zote mbili, nikafunga mlango mbuzi wasiingie, nikaenda shambani nikilima huku natega sikio. Jirani akamwambia mwenyekiti kwamba namficha. Hakuna aliyeniuliza ningemwacha na nani.

Kwa hiyo hiyo hoja ya watu wawili ni kweli tupu. Kwangu ni kila siku, wala si siku ya kufuata fomu tu.

---

Nesi_wa_Zamu

Mama, pole, na asante kwa ujasiri wako. Mimi niko kwenye huduma za uzazi mkoani Kigoma.

Niongeze moja tu. Mtoto akikosa hewa wakati wa kuzaliwa ubongo unaumia, na hiyo ni moja ya njia ambazo umaskini unazalisha ulemavu. Kuanzia mwaka 2006 mkoa wetu ulikuwa na mradi uliofadhiliwa na Bloomberg, baadaye ukaendeshwa na Thamini Uhai. Walichofanya ni kusogeza upasuaji wa uzazi kutoka hospitali za wilaya mpaka vituo vya afya vya vijijini: vyumba vya upasuaji, vifaa, na mafunzo kwa madaktari wasaidizi na wauguzi waliokuwepo tayari. Mama akapunguziwa kilomita. Waliangalia umbali kwanza. Fistula nayo inazuilika hivyohivyo. Tunaozungumzia mikopo tungeiga wazo hilo.

---

Afisa_wa_Jamii

Nimesita kuandika, ila mleta uzi ametuita. Mimi ni afisa maendeleo ya jamii, halmashauri yangu siitaji.

Kwanza, habari ambayo wengi hawana: marekebisho ya kanuni ya mwaka 2021 yaliruhusu mtu mmoja mwenye ulemavu kukopa peke yake. Si lazima watu watano tena. Kaka yako anaweza kuomba kama yeye. Kama uliambiwa vinginevyo baada ya mwaka huo, aliyekuambia alikuwa anatumia kanuni ya zamani.

Pili, kuhusu fedha. Asilimia mbili inatoka kwenye mapato ya ndani. Halmashauri ikikusanya bilioni 1.5 kwa mwaka, asilimia mbili ni milioni 30. Ukigawa kwa kata zote utaona ni kidogo. Ndugu Mshale yuko sahihi hapo. Lakini uchache wa fedha si sababu ya kumfanya mtu aje mara nne. Safari ya pili na ya tatu ya kaka yako zilikuwa kosa letu sisi maofisa, kokote alikokwenda. Katiba ya kikundi ingeweza kusomwa kwa simu.

Nitasema ukweli unaouma. Sisi tunapimwa kwa fedha iliyotoka na fedha iliyorejeshwa. Hakuna safu kwenye taarifa inayouliza umeifikia kata ya mbali kiasi gani. Mwisho wa robo ukikaribia, unachukua vikundi vya mjini vilivyo tayari. Pikipiki ya kata haina mafuta. Ndivyo asilimia mbili inavyobaki mjini hata pasipokuwa na mwizi.

Kinachowezekana bila kusubiri kanuni mpya: siku ya gulio. Kila kata ina siku moja ambayo watu wote wanakuja, wenye ulemavu wakiwemo, kwa sababu ndiyo siku ya kuuza. Afisa wa kata akae na fomu hapo, mtendaji awepo na muhuri wa barua za utambulisho, wakala wa benki awepo na mashine. Kazi ya safari tatu inaisha kwa asubuhi moja.

---

Mshale_Ujiji

Nimekuelewa mwalimu, na afisa umenifungua. Narudisha neno langu la "kuwaongezea wezi njia". Ila bado nauliza: akipata mkopo, marejesho atayapeleka vipi kila mwezi? Si nauli zilezile?

---

Afisa_wa_Jamii

Swali zuri. Marejesho yanalipwa kwa namba ya malipo ya serikali kupitia simu, hana haja ya kuja. Ila namba hiyo lazima aombewe na sisi, basi aiombe siku hiyohiyo ya gulio akiwa na afisa, asije kuifuata mjini.

---

NuktaSita

Afisa, pendekezo la gulio ni zuri. Naomba mawili. Fomu isomwe kwa sauti mbele ya asiyeona, na nakala abaki nayo, asiwekewe tu dole gumba mahali asipopajua. Na kwa viziwi awepo mtu wa lugha ya alama. Mwalimu wetu wa Unyanyembe bila shaka ana wanafunzi wake wa zamani mpaka huko Kasulu.

Na kaka wa Kasulu, salamu zako zimenifikia. Umenijibu vizuri. Hiyo ya mtu wa ushuru nitaisema kwenye kila kikao nitakachokaa.

---

MwalimuUnyanyembe

Ninao wawili huko. Mmoja ni fundi seremala. Binti, nitumie namba yako kwa ujumbe wa faragha nikuunganishe nao. Wataandika kwa ujumbe wa maneno, usiwapigie.

---

Binti_Kasulu (mleta uzi)

Wakuu, nimerudi na taarifa.

Juzi nilikwenda kwa mtendaji wa kijiji nikiwa na kaka. Nilimuuliza kuhusu kamati ya watu wenye ulemavu. Akafungua kabati, akatafuta, akasema kwa uungwana kwamba haipo, hakuwahi kuelekezwa. Kaka akamwomba iwekwe kwenye ajenda ya mkutano mkuu wa kijiji unaokuja, akakubali na kuiandika mbele yetu kwenye daftari.

Afisa wa kata nimempata kwa simu. Nilimsomea maneno ya Afisa_wa_Jamii kuhusu kukopa mtu mmoja. Akanyamaza kidogo, akasema atahakikisha kwa wakubwa wake, na kesho yake akanipigia mwenyewe: ni kweli. Gulio letu ni Jumatano. Amekubali kuja na fomu saa tatu, na mtendaji atakuja na muhuri. Wakala wa benki bado hajajibu, nitamfuata kesho.

Wale watatu waliokata tamaa nimewapitia nyumbani. Mama wa vitenge amekubali kujaribu tena. Mmoja wa wasioona amesema atakuja kusikiliza tu, hatasaini kitu mpaka asomewe. Nimemwambia ndivyo itakavyokuwa. Wa tatu amekataa, na nimemwachia nafasi.

Mama Kibondo, nimeuliza kuhusu wewe. Afisa anasema mama anayemlea mtoto mwenye ulemavu mkubwa aulize ofisini kwao kama anaweza kuomba kwa niaba ya mtoto. Nitakuletea jibu kamili, sitaki kukupa matumaini ya kusikia.

Fundi wa Uvinza, kaka anasema hab ya Phoenix ameshaipata kwa 15,000 iliyotumika, ila aliyeko hapa hajui kuikata ekseli bila kuipinda. Ukiweza kutuma picha za zile tatu ulizofanya, zinazoonyesha ulipochomelea, utatusaidia. Amewahamisha kuku jana.

Jumatano saa tatu tutakuwa chini ya mwembe ulio mbele ya ghala la mazao. Mwenye ndugu mwenye ulemavu kwenye kata hii amlete, na aje na namba ya NIDA.